Jemadari aliyemfukuza mtu wa kuzungumza naye

Usiku wa kuamkia tarehe 21 Machi 1956, gavana Mwingereza wa kisiwa cha Saiprasi alilala juu ya bomu. Hapa sisemi kwa mafumbo. Neophytos Sophocleous, kijana aliyekuwa mtumishi katika nyumba ya gavana, alilichomeka chini ya godoro kisha akatoweka. Gavana, Sir John Harding, alikuwa na mazoea ya kulala madirisha wazi hata hewa ikiwa kali. Kifaa cha kuchelewesha mlipuko kilihitaji joto ili kifanye kazi, na baridi ya usiku ule ikakizubaisha. Kulipokucha bomu liligunduliwa, likatolewa nje na kulipuliwa bustanini bila kumdhuru mtu. Gavana alikuwa amelala fofofo.

Kisa hicho husimuliwa sana, na msimulizi hukimaliza kwa kucheka. Mimi kinanivuta kwa sababu ya tarehe. Siku 12 tu kabla ya hapo, tarehe 9 Machi, Harding alikuwa amemkamata Askofu Mkuu Makarios III, kiongozi wa Wagiriki wa kisiwa hicho, na kumtoa kisiwani kwa nguvu. Kwa hiyo, gavana alipolalia bomu lile, tayari alikuwa amemwondoa mtu pekee aliyeweza kuwaambia vijana wa mabomu waache. Ukitaka kuelewa kwa nini mwanajeshi hodari kiasi kile alishindwa kutawala kisiwa kidogo kiasi kile, anzia kwenye siku hizo 12.

Msomaji wa Afrika Mashariki anayeuliza kisiwa cha Wagiriki kinatuhusu nini, namwomba subira. Kwanza, kisiwa chenyewe si kigeni kwetu: ni kile Kipro cha Matendo ya Mitume, kwao Barnaba. Pili, mkono ulioishika Saiprasi mwaka 1956 ulikuwa umeishika Kenya mwaka 1952, na alama za vidole zinafanana.

Harding hakuzaliwa ikulu. Alizaliwa Februari 1896 South Petherton, kijiji cha Somerset, baba yake akiwa karani wa mwanasheria. Ujanani alifanya kazi ya ukarani katika benki ya posta London, jioni akisoma sheria. Jina lake halisi lilikuwa Allan Francis. Hilo la John alilipata jeshini likamganda. Vita vya kwanza vya dunia vilimkuta akiwa ofisa wa jeshi la akiba, akapelekwa Gallipoli, akajeruhiwa, akaenda Palestina, akatunukiwa nishani ya ushujaa. Vita vilipokwisha hakurudi tena posta.

Katika vita vya pili ndipo jina lilipokua. Jangwani Afrika Kaskazini alikuwa ofisa wa makao makuu. Majenerali wake wawili, O'Connor na Neame, walipotekwa na Wajerumani Aprili 1941, yeye ndiye aliyeshika usukani huku mambo yakivurugika kuelekea Tobruk. Huko El Alamein, 1942, aliongoza Divisheni ya 7 ya vifaru, ile ya Panya wa Jangwani. Januari 1943, karibu na Tripoli, kombora lilimjeruhi vibaya mkono wa kushoto. Mwaka mmoja baadaye alikuwa Italia, mnadhimu mkuu wa Jenerali Alexander. Mwezi Mei 1945 akajikuta Trieste, jeshi lake na la Tito wa Yugoslavia yakikanyaga mitaa ile ile, kila upande umeshika bunduki na hakuna anayetaka kuwa wa kwanza kufyatua. Ilichukua wiki kadhaa za mazungumzo mpaka Juni, mstari ukachorwa, Wayugoslavia wakarudi nyuma.

Hiyo Trieste naitaja kwa makusudi. Wapo wanaosema Harding alikuwa askari tu, asiyejua lugha nyingine isipokuwa ya risasi. Si kweli. Alijua kukaa na hasimu na kungoja. Alichokihitaji ni hasimu wa kukaa naye.

Kutoka 1949 hadi 1951 alikuwa mkuu wa majeshi ya nchi kavu ya Uingereza Mashariki ya Mbali, wakati wa vita vya msituni Malaya, ambako wakulima walikusanywa kwenye vijiji vipya vyenye ulinzi ili waasi wakose chakula. Tarehe 1 Novemba 1952 akawa mkuu wa jeshi lote la nchi kavu la Uingereza. Angalia kalenda: usiku wa tarehe 20 Oktoba mwaka huo huo, serikali ya kikoloni ilikuwa imetangaza hali ya hatari Kenya na kuwazoa Jomo Kenyatta na wenzake kwa mkupuo mmoja. Harding alikalia kiti siku 12 baada ya hapo. (Siku 12 tena. Nambari hii inamfuata mtu huyu.) Mapema 1953 alifika Kenya kujionea mwenyewe, na kwa karibu miaka mitatu vita vya msitu wa Nyandarua na Mlima Kenya vilikuwa faili mezani kwake. Hakuwa kamanda wa Kenya. Huyo alikuwa Jenerali Erskine. Lakini vikosi vilivyopanda meli kuja huku vilikuwa vya jeshi lake, na katikati ya 1953, vita vikiendelea, alipandishwa hadi Field Marshal. Ndicho cheo ambacho Dedan Kimathi naye alikivaa msituni, bila kibali cha Malkia.

Kenya ilipaswa kumfundisha nini? Kwamba aliyekamatwa Oktoba 1952 alikuwa mzungumzaji. Kenyatta alikuwa na chama, gazeti, majukwaa na uzoefu wa miaka ya Ulaya. Ukimfunga huyo hujaufunga msitu. Umeuacha msitu peke yake. Ukitaka kusimamisha mapigano utaongea na nani? Utabaki kuua na kukamata mpaka wachoke, na ndivyo ilivyofanyika, kwa gharama ambayo wazee wa Murang'a na Nyeri waliifikisha mpaka mahakamani London miaka 50 na ushei baadaye.

Septemba 1955 Harding aliacha ukuu wa jeshi, na tarehe 3 Oktoba akaapishwa kuwa gavana wa Saiprasi. Mtangulizi wake, Sir Robert Armitage, alikuwa raia, mtumishi wa makoloni aliyeanza kazi Kenya mwaka 1929. London ilimwona kwamba hatoshi. Hali ilikuwa hivi: Uingereza ilikuwa kisiwani tangu 1878, ikakitwaa rasmi 1914, ikakifanya koloni kamili 1925. Kama wanane katika kila wakazi kumi walikuwa Wagiriki, karibu wawili Waturuki. Wagiriki hawakudai uhuru kama sisi tunavyouelewa. Walidai enosisi, yaani kuungana na Ugiriki, na Januari 1950 kanisa lilipoitisha kura, zaidi ya asilimia 95 ya Wagiriki waliojiandikisha walisema ndiyo. Waingereza hawakusikia. Walikuwa wakihamisha makao makuu yao ya Mashariki ya Kati kutoka Mfereji wa Suez kuja kisiwani humo, na Julai 1954 naibu waziri Henry Hopkinson akasimama bungeni akasema kuna nchi ambazo haziwezi kutarajia kujitawala kikamilifu kamwe. Neno hilo "kamwe" liligharimu maisha ya watu. Tarehe 1 Aprili 1955 mabomu ya EOKA, kundi la siri la Wagiriki waliopigania enosisi, yalianza kulia, chini ya Georgios Grivas, kanali mstaafu wa jeshi la Ugiriki aliyezaliwa kisiwani humo humo.

Kilichonishangaza nilipoanza kumsoma Harding ni kwamba hakuanza kwa kupiga. Siku iliyofuata kuapishwa kwake alikutana na Makarios ana kwa ana katika hoteli ya Ledra Palace, Nicosia. Mazungumzo yakaendelea kwa miezi mitano, mengine uso kwa uso, mengine kwa barua. Ni Harding, mwanajeshi, aliyewasukuma mawaziri wa London waachane na lile "kamwe". Walichomruhusu hatimaye kusema kilikuwa kioja cha lugha: kwamba si msimamo wa serikali ya Malkia kuwa kanuni ya kujiamulia haiwezi kamwe kutumika Saiprasi. Kanusho juu ya kanusho. Mfasiri yeyote wa Kiswahili angeweka kalamu chini akachemsha chai kwanza. Hata hivyo, chini ya vifusi vile kulikuwa na ndiyo ndogo, na Makarios aliisikia.

Kufikia Februari 1956 yalibaki mambo matatu: msamaha kwa wafungwa wa EOKA, nani ashike usalama wa ndani, na wingi wa viti vya Wagiriki katika bunge lijalo. Kwa watu waliokuwa wametoka kwenye "kamwe", hiyo haikuwa safari ndefu. Waziri wa makoloni, Alan Lennox-Boyd, alikutana na Makarios Nicosia tarehe 29 Februari kukamilisha. Mabomu yakalia mjini jioni ile. Mkutano ukavunjika.

Sasa lazima tumtendee haki Harding. Makarios hakuwa malaika. Alijua EOKA ilianzishwaje na alisaidia kuanzishwa kwake. Shajara za Grivas, zilizopatikana zimefukiwa kijijini Lysi miezi michache baadaye, ziliweka wazi uhusiano huo. Alikuwa mjadili mwenye tabia ya kuomba ziada ukishampa alichotaka. Harding alimwona kama mtu anayezungumza kwa mdomo mmoja na kufadhili bunduki kwa mkono mwingine, na hakukosea. Kosa lake ni tafsiri aliyoipa habari hiyo. Ikiwa askofu ana mkono kwenye bunduki, basi askofu ndiye anayeweza kuishusha. Jemadari aliona ushahidi wa hatia pale ambapo mwanasiasa angeona anwani.

Tarehe 9 Machi Makarios alikamatwa akielekea kupanda ndege kwenda Athens. Yeye, Askofu Kyprianos wa Kyrenia, padri mmoja na katibu mmoja walipakiwa kwenye ndege ya kijeshi, wakaletwa pande zetu, na kutoka Mombasa wakavushwa kwa meli hadi Ushelisheli. Wakawekwa Sans Souci, nyumba ya mapumziko ya gavana huko mlimani Mahé.

Ushelisheli! Kwa Mwafrika jina hilo linabeba zaidi ya fukwe za watalii. Huko ndiko Waingereza walikowapeleka Kabaka Mwanga wa Buganda na Omukama Kabalega wa Bunyoro baada ya kuwakamata mwaka 1899. Mwanga alifia huko 1903. Prempeh wa Asante alikaa huko tangu 1900 hadi 1924. Sayyid Khalid bin Barghash, yule wa vita vya dakika chache Unguja mwaka 1896, naye alionja visiwa hivyo kabla ya kuruhusiwa kuja kufia Mombasa. Mtu angedhani ofisi ya makoloni ilikuwa na muhuri maalumu ulioandikwa Mahé.

Lakini kulikuwa na somo jipya zaidi, nalo ndilo linalonifanya nishindwe kumwonea Harding huruma. Mwaka 1953 Gavana Andrew Cohen alimfukuza Kabaka Mutesa II kutoka Uganda na kumpeleka London. Matokeo yake, mfalme ambaye baadhi ya watu wake walikuwa wamemchoka akageuka kipenzi cha Buganda nzima, na serikali ikalazimika kumrudisha. Mutesa alitua Entebbe tarehe 17 Oktoba 1955 kwa vifijo. Harding alikuwa Saiprasi kwa wiki mbili wakati huo. Miezi mitano baadaye akafanya yale yale kwa mtu mwenye mamlaka makubwa zaidi, kiongozi wa kanisa na wa taifa kwa pamoja.

Baada ya hapo Saiprasi ilibaki na Harding upande mmoja na Grivas upande wa pili, wanajeshi wawili. Kafyu, misako, faini za miji mizima, viboko kwa vijana, kifungo bila kesi: msomaji wa Kenya anaijua orodha hii, mababu zake waliiishi. Wanajeshi wakaongezwa wakapita 20,000. Kichwa cha Grivas kikawekewa bei ya pauni 10,000, na hakuna aliyekiuza. Agosti 1956 Grivas alitangaza kusitisha mapigano, akangoja jibu. Harding alijibu kama jemadari aliyeshinda: salimisheni silaha, kisha chagueni, kwenda Ugiriki au kubaki mshitakiwe. Husimuliwa kwamba punda alipitishwa mitaani Nicosia akiwa amevishwa kibao cha kumwambia Field Marshal kwamba anasalimu amri. Ukimjibu mtu anayesita kwa masharti ya aliyeshindwa, umemwondolea sababu ya kusita. Vita vikarudi, na msimu wa vuli wa mwaka ule ukawa mbaya kuliko yote yaliyotangulia.

Ndipo ikaja minyongo. Tisa walinyongwa katika gereza kuu la Nicosia kati ya Mei 1956 na Machi 1957. Wa kwanza walikuwa Karaolis na Demetriou, tarehe 10 Mei. Wa mwisho, tarehe 14 Machi 1957, alikuwa Evagoras Pallikarides, mwanafunzi aliyekuwa akiandika mashairi, umri miaka 19. Kosa lililomtia kitanzini lilikuwa kukutwa na bunduki. Pungufu ya mwezi mmoja kabla ya hapo, tarehe 18 Februari, Dedan Kimathi alinyongwa Kamiti. Naye shitaka lililomuua lilikuwa kukutwa na bastola na risasi. Mmoja mwanafunzi wa sekondari, mwingine kamanda wa msitu, kila mmoja kwenye bara lake, na kifungu cha sheria kama kimechapwa kwa taipureta moja. Miili yao haikurudishwa kwa familia. Wote wawili walizikwa ndani ya eneo la gereza. Tofauti ipo, na haisemwi vya kutosha: Saiprasi walinyongwa tisa, na kila jina lina kaburi, barua na picha. Kenya walinyongwa zaidi ya 1,000. Majina ya wengi wao, je, unayajua?

Uamuzi uliodumu kuliko yote, hata hivyo, haukuwa kamba. Ulikuwa ajira. Wagiriki walipoanza kuogopa au kukataa kazi ya polisi, serikali iliajiri Waturuki wa kisiwani, na kikosi kimoja cha akiba kikajazwa wao watupu. Kwa mtazamo wa jeshi ni jambo jepesi: unahitaji watu, watu hawa wapo, wape sare. Lakini EOKA ilipomuua polisi, sasa ilimuua Mturuki, na majirani zake wakatoka kulipiza. Mwaka huo huo wa 1956 seng'enge zikavutwa Nicosia kutenga mitaa. Desemba, Lennox-Boyd akatamka bungeni kwamba Waturuki nao wangekuwa na haki ya kujiamulia mambo yao, maana yake kisiwa kinaweza kukatwa. Sisemi Harding ndiye aliyeigawa Saiprasi; mgawanyiko wa 1974 una wenyewe, kuanzia majenerali wa Athens hadi jeshi la Uturuki. Nasema waya wa kwanza ulivutwa na gavana aliyekuwa akitafuta askari wa kutosha.

Watetezi wake wana hoja, na si dhaifu. Mwanzoni mwa 1957 EOKA ilikuwa imebanwa kweli. Afxentiou, naibu wa Grivas, aliuawa Machi 3 pangoni karibu na monasteri ya Machairas baada ya kugoma kutoka mpaka pango likawashwa moto. Wanasema laiti Harding angepewa miezi mingine. Wanasema pia kwamba vita vya Suez, Novemba 1956, vilimnyang'anya askari wake bora. Huenda. Lakini tazama bei ambayo Grivas aliiweka alipoamua kusitisha mapigano tena katikati ya Machi 1957: Makarios aachiwe. Yaani hata kijeshi Harding alipokaribia kupata alichotaka, mlango wa kutokea ulikuwa umefungiwa Mahé, na ufunguo anao yeye. Serikali ya Macmillan, waziri mkuu mpya wa Uingereza, ikamwachia askofu tarehe 28 Machi, na Lord Salisbury akajiuzulu uwaziri kwa hasira. Makarios, akiwa bado amezuiwa kurudi Saiprasi, alipita Madagaska na Nairobi kabla ya kutua Athens katikati ya Aprili, akapokewa kama aliyeshinda vita. Alirudi Kenya mwanzoni mwa miaka ya 1970 akiwa rais wa nchi, mgeni wa Kenyatta, akabatiza waumini kwa maelfu. Seminari ya Kiorthodoksi ya Riruta, Nairobi, ina jina lake mpaka leo.

Harding aliondoka vuli ya 1957. Alipewa ulodi mwaka uliofuata, baadaye akaongoza bodi inayosimamia tozo za kamari za mbio za farasi, kisha kampuni ya vifaa vya umeme ya Plessey. Alifariki Januari 1989 akiwa na miaka 92. Gavana aliyempokea, Hugh Foot, hakuwa mwanajeshi.

Tarehe 19 Februari 1959, katika jumba la Lancaster House, London, Makarios alitia saini mkataba ulioifanya Saiprasi jamhuri huru bila enosisi. Waingereza wakabaki na kambi mbili, Akrotiri na Dhekelia, maili za mraba 99, ambazo ndizo walizozihitaji tangu mwanzo na wanazo hata leo. Wiki mbili baadaye, tarehe 3 Machi, Sir Robert Armitage, sasa gavana wa Nyasaland (Malawi ya leo), alitangaza hali ya hatari, akamkamata Dakta Banda, akamtoa nchini. Na Januari 1960 wajumbe wa Kenya waliingia katika jumba lile lile la Lancaster House kujadili katiba. Kenyatta alikuwa bado Lodwar.